Kabla hujamtafuta binti wa kutoa ushuhuda Siku 16

Kila ikikaribia Novemba 25, siku inapoanza kampeni ya Siku 16 za kupinga ukatili wa kijinsia, kwenye magrupu ya WhatsApp ya huku Mbeya unaanza ujumbe wa aina moja: "Wadau tunaomba binti mmoja aliyefanyiwa ukatili aje atoe ushuhuda siku ya uzinduzi, nauli na chakula vipo." Unatumwa kama vile mtu anatafuta turubai au MC. Watu wanajibu fasta, mmoja anasema anamjua mmoja wa Uyole, mwingine anasema wa kwao Mbalizi stori yake ndo kali zaidi, na mpaka jioni grupu zima limeshajua kuna binti wa sehemu fulani alifanyiwa kitu fulani na ndugu yake fulani, wakati mwenyewe hata hajaulizwa.

Halafu yanakuja mabishano. Wengine wanasema stori za manusura zipigwe marufuku kabisa maana ni kuwadhalilisha mara ya pili, wengine wanasema bila mtu kusimama akasema yaliyomkuta wananchi watakunywa soda zao na kuondoka kama walivyokuja. Mimi naona kila upande umeshika kipande. Stori zina nguvu, hilo halina ubishi, na stori zinaumiza, hilo pia halina ubishi. Kinachotuvuruga ni kwamba hatujatenganisha stori inasemwa wapi, inasemwa na nani na ya kufanyia nini.

Tuanze na maneno yenyewe. Ukatili wa kingono ni kitendo chochote cha kingono anachofanyiwa mtu bila ridhaa yake au akiwa hana uwezo wa kuridhia, kuanzia kubakwa na kulawitiwa mpaka kushikwashikwa, kulazimishwa kutuma picha za utupu, na ile rushwa ya ngono ya maofisini na vyuoni. Manusura ni yule aliyefanyiwa na bado yupo anaendelea na maisha yake, ingawa polisi na mahakamani utasikia zaidi mwathirika au mhanga, usigombane nao. Ridhaa ni kukubali ukiwa unaelewa unachokubali na ukiwa una uwezo wa kukataa bila kupoteza kitu. Na Siku 16 za kupinga ukatili wa kijinsia ni kampeni ya dunia nzima inayoanza Novemba 25 mpaka Desemba 10, Siku ya Haki za Binadamu, ilianzishwa mwaka 1991, na hiyo tarehe ya kuanzia inawakumbuka akina dada watatu wa familia ya Mirabal waliouawa mwaka 1960 enzi za utawala wa dikteta Trujillo kule Jamhuri ya Dominika. Wale walikuwa wameshafariki. Sisi tunawasimamisha walio hai, na aliye hai jioni anarudi nyumbani kwa bodaboda, majirani wanamwangalia.

Sasa, sehemu za kusimulia. Kwa manusura wa huku kwetu zipo tatu na kila moja ina sheria zake.

Ya kwanza ni polisi, kwenye Dawati la Jinsia na Watoto, na baadaye mahakamani. Pale anaulizwa kila kitu kwa undani, nani, lini, wapi, alifanyaje, kwa sababu kesi haiwezi kusimama kwa maneno ya juujuu. Ya pili ni kwa mtu wa kumhudumia, yaani daktari, nesi, afisa ustawi wa jamii, mshauri nasaha, pengine shangazi anayeaminika, na pale anasema kile anachotaka kwa mwendo wake, anaweza akalia, akanyamaza wiki mbili, akarudi. Ya tatu ni jukwaani, mbele ya watu asiowajua, kipaza sauti mkononi na simu zimenyooshwa juu zinarekodi. Tunachofanya mara nyingi ni kuchukua undani wa sehemu ya kwanza na machozi ya sehemu ya pili, tunayabeba yote kuyapeleka sehemu ya tatu.

Na nyanda za juu kusini tuna la ziada, nalo ni kanisa. Wengi wetu tumekulia kwenye ibada ambazo mtu anasimama anatoa ushuhuda, alikuwa mlevi sasa ameokoka, alikuwa mgonjwa amepona, na watu wanapiga vigelegele. Kwa hiyo MC akisema "tumkaribishe dada yetu atupe ushuhuda" kila mtu anajua cha kutegemea, mwanzo uwe mbaya sana, katikati kuwe na kulia, mwisho ushindi. Yule mlevi anasimulia ya kwake, aliyoyafanya yeye. Huyu binti hana cha kutubu, kosa ni la mtu mwingine ambaye pengine amekaa mstari wa nne na yeye anapiga makofi. Na pengine ushindi wenyewe bado, kesi imeahirishwa mara kadhaa, hajalala vizuri tangu mwezi wa tatu, sasa inabidi autengeneze huo ushindi pale pale jukwaani ili mgeni rasmi aondoke amefurahi.

Kwa nini basi tusiziache kabisa

Kwa sababu takwimu peke yake haimwamshi mtu. Utafiti wa kitaifa wa ukatili dhidi ya watoto uliofanyika Tanzania mwaka 2009 ulionyesha kwamba karibu wasichana 3 kati ya 10, na mvulana 1 hivi kati ya 7, walifanyiwa ukatili wa kingono kabla ya kutimiza miaka 18. Ni namba ya kutisha. Ukiisoma kwenye mkutano wa kijiji pale Ilula watu watatikisa kichwa kwa heshima halafu mzee mmoja atasimama kuuliza habari ya mbolea ya ruzuku. Lakini akisimama mama mmoja wa palepale akasema "mimi nilikuwa darasa la sita na nilinyamaza mpaka nimezaa watoto watatu", mkutano unakuwa mwingine, na baada ya mkutano kuna wawili watatu watamfuata pembeni. Utafiti huohuo ulionyesha kwamba takriban nusu ya wasichana waliofanyiwa hawakumwambia mtu yeyote, na kwa wavulana walionyamaza ni wengi zaidi. Kwa mtu ambaye hajawahi kumwambia mtu, kusikia mwingine amesema ni kama kupewa ruhusa.

Ila angalia yule mama amesema nini. Hajasema alifanywa nini, hajasema na nani. Amesema umri na amesema ukimya. Imetosha.

Hata ile harakati ya Me Too iliyotikisa dunia ilikuwa hivyo. Mwanaharakati Tarana Burke alianza kuitumia Marekani mwaka 2006, ikalipuka mtandaoni Oktoba 2017, na mamilioni ya watu walioiandika wengi hawakusimulia kitu chochote, waliandika tu yale maneno mawili, "na mimi". Undani wa tendo haukuwa ndo nguvu yake. Kwa hiyo mtu akikwambia stori bila kuelezea tendo haigusi watu, muulize imemgusa nani ile yenye kuelezea, maana mara nyingi ukiangalia vizuri waliokaa kimya kabisa ukumbini si walioguswa, ni waliokuwa wanafuatilia kama tamthilia, na wengine ni manusura wenyewe ambao wamerudishwa kule walikotoka wakiwa wamekaa kwenye kiti cha plastiki na hakuna anayewaangalia.

Saini na lumbesa

Hapa ndo pana mchanganyiko mkubwa zaidi kwa hiyo nitakaa kidogo. Watu wa kampeni wanakwambia "amesaini, amekubali." Wakulima wa viazi wa Uyole na Njombe wanaijua lumbesa. Mmekubaliana gunia, mnunuzi analeta gunia lilelile mlilokubaliana, halafu anashonea kilemba juu, viazi vinapanda mpaka vinakuwa gunia na nusu, bei ileile ya gunia moja. Mkulima alikubali kuuza gunia, ni kweli kabisa. Kile kilemba hakukikubali. Ridhaa nyingi za kampeni zetu ni lumbesa: binti alikubali kuongea na akina mama thelathini kwenye ukumbi wa kata, wiki inayofuata picha yake ipo kwenye ukurasa wa Facebook, mwezi unaofuata sauti yake inarushwa redioni, mwisho wa mwaka yupo kwenye ripoti ya mfadhili, na mwakani yupo kwenye bango la mita tatu stendi. Kila kimoja hapo kilitakiwa kuwa swali lake, siku yake, na jibu lake.

Niliwahi kukaa pembeni kwenye zoezi moja la kusainisha fomu, shirika silitaji. Afisa alikuwa kijana mpole tu, hana ubaya, anasoma haraka kwa sababu foleni ilikuwa ndefu: "Mimi niliyetajwa hapo juu ninaridhia matumizi ya taarifa, picha na sauti yangu katika majukwaa yote bila ukomo wa muda." Binti alikuwa amevaa sweta la shule limegeuzwa nje ndani ili nembo isionekane, hilo wazo lilikuwa la kwake mwenyewe, hakuna aliyemwambia. Akauliza swali moja tu. "Nauli inatolewa leo au mpaka baadaye?" Akaambiwa leo. Akasaini.

Ukiniuliza mimi, jibu lote lilikuwa kwenye lile sweta. Alikuwa hataki kujulikana. Fomu haikuwa na sehemu ya kuandika hilo.

Ridhaa ya kweli inahitaji aelewe, na kuelewa maana yake umuonyeshe, shika simu umwambie hivi ndivyo itakavyoonekana, mtu yeyote anaweza kupiga picha ya skrini, binamu yako wa Tunduma anaweza kuiona, mchumba wako wa miaka kumi ijayo anaweza kuiona, na ikishatoka mtandaoni hata sisi tukiifuta hatuwezi kukuhakikishia kwamba imeisha. Inahitaji pia awe huru kukataa, na hapa ndo wengi tunajidanganya, kwa sababu anayeomba stori mara nyingi ndo huyohuyo aliyemlipia ada, aliyempa sehemu ya kulala, aliyempeleka hospitali. Atakataaje? Ni bora aombwe na mtu asiyemdai fadhila, na aambiwe wazi kabisa kwamba msaada utaendelea vilevile akisema hapana. Na apewe muda, alale nayo, arudi siku nyingine, akibadilisha mawazo asubuhi ya shughuli akiwa ameshavalishwa fulana ya kampeni basi anavua fulana anakaa na wenzake na hakuna wa kumnunia.

Kuhusu nauli, kuna watu wanaona kumlipa manusura ni kununua ushuhuda. Sikubaliani. Mgeni rasmi analipwa posho, MC analipwa, mwenye spika analipwa, halafu mtu aliyefunga genge lake Mwanjelwa siku nzima ndo aje bure kwa moyo? Mrudishie nauli, fidia siku yake, na kiasi kiwe kilekile aongee au asiongee. Ubaya unaingia pale malipo yanapokuwa makubwa kiasi kwamba hawezi kukataa, au yanapopanda kadri stori inavyokuwa mbaya.

Watoto ni habari nyingine kabisa. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inasema mtoto ni yeyote mwenye umri chini ya miaka 18, na kesi zinazowahusu watoto zinasikilizwa faragha, haziwekwi wazi kama kesi ya wizi wa ng'ombe. Kwenye kampeni watu wanasema "mzazi ameruhusu." Ndiyo, lakini mzazi huyo ni nani kwenye hii kesi? Ukatili mwingi wa watoto unafanywa na watu wanaofahamika nyumbani, sasa unaweza kukuta anayetuhumiwa ni mdogo wake au mume wake huyohuyo mzazi anayetoa ruhusa, au familia imeshakaa kikao wanataka yaishe. Kwa maoni yangu mtoto hasimamishwi jukwaani kwa stori yake ya ukatili wa kingono, mzazi aruhusu au asiruhusu. Kuna njia nyingine nitazieleza mbele. Na tangu Mei 2023 ilipoanza kutumika Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, kukusanya na kusambaza taarifa za watu si jambo la kienyeji tena, taarifa za watoto na za afya zimewekwa kwenye kundi la taarifa nyeti, kwa hiyo lile daftari lenye majina ya manusura linalozunguka kwenye gari la mradi likiwa wazi mtu anatakiwa aogope.

Jina limefichwa, mtu ameonekana

Chukua habari hii, nimeitunga mwenyewe lakini utaitambua maana kila wiki zinaandikwa za namna hii: "Mwanafunzi wa kidato cha pili (jina limehifadhiwa) mwenye miaka 15, anayeishi na baba yake wa kambo ambaye ni fundi baiskeli jirani na mashine ya kusaga, katika kijiji fulani wilayani Rungwe, amedaiwa kubakwa..." Jina kweli limehifadhiwa. Lakini kwenye hicho kijiji mafundi baiskeli ni wangapi? Wenye mtoto wa kambo wa kidato cha pili ni wangapi? Msomaji wa Dar hajui kitu, lakini msomaji wa Dar hana madhara kwa huyu binti, wenye madhara ni wa pale pale, na wote wameshajua kabla ya kumaliza sentensi. Kipande kimoja kimoja hakina shida, vikikaa pamoja vinatoa mtu mzima.

Hivyohivyo kwenye picha. Uso umefifishwa, lakini kitenge ni kilekile anachovaa kila Jumapili, nyuma yake kuna geti la bluu na mti wa parachichi. Sauti redioni imeachwa kama ilivyo, na mtu wa Kyela akiongea watu wa Kyela wanamjua kwa nusu dakika. Ukitaka kumficha mtu kweli huanzi na uso, unaanza kwa kujiuliza mtu wa mtaani kwake angemtambua kwa nini, halafu ndo unaondoa hivyo. Shule, kazi ya mzazi, idadi ya ndugu, tarehe, jina la kitongoji. Andika "msichana wa mkoa wa Mbeya" uone kama stori imepungua utamu. Ikipungua, basi utamu ulikuwa kwenye umbea.

Lipo na la baba mzazi. Mtu amekamatwa kwa kumbaka binti yake, chombo cha habari kinaficha jina la mtoto kwa uangalifu wote halafu kinaandika jina la baba kamili, majina matatu na umri wake. Umeshamtaja mtoto. Hapo watu wanasema kuficha jina la baba ni kumlinda mbakaji, na hasira yao naielewa, ila adhabu yake inatoka mahakamani, na mtoto ndo atakayekaa darasani kesho.

Agosti 2024 nchi nzima tulifanya kosa hili kwa pamoja. Video ya binti akifanyiwa ukatili na kundi la wanaume ilisambaa, na watu wakaisambaza zaidi wakisema wanafanya hivyo ili wahusika wakamatwe. Halafu binti akapewa jina la mtaa wake, mitandaoni, magazetini, kwenye vijiwe, kila sehemu. Mtaa wenyewe siuandiki hapa. Mahakamani Dodoma kesi ikasikilizwa faragha, yeye akatajwa kwa herufi XY, na Septemba 30, 2024 washtakiwa wanne wakahukumiwa kifungo cha maisha. Mahakama ilimficha kwa herufi mbili wakati sisi huku nje tulishamtangaza kwa mtaa, na ile video haikuwa kampeni ya kuelimisha kitu, ilikuwa ni lile tendo lenyewe linarudiwa kwenye kila simu iliyofunguliwa. Kama ilikuwa ushahidi, mahali pake ni polisi, kopi moja inatosha.

Na kama kesi bado ipo?

Subiri. Nasema subiri kwa sababu inayoeleweka. Sheria yetu ya Ushahidi inaruhusu mtu atiwe hatiani kwa kosa la kujamiiana kwa ushahidi wa mwathirika peke yake mahakama ikiridhika kwamba anasema kweli, na Mahakama ya Rufani imeshasema mara nyingi kwamba ushahidi wa kweli wa kubakwa unatoka kwa mwathirika mwenyewe. Ni kitu kizuri, maana tendo hili halina mashahidi. Lakini maana yake ni kwamba maneno yake yana uzito mkubwa sana, na adhabu ya kubaka kwa kawaida inaanzia miaka 30, kwa hiyo wakili wa utetezi atatafuta kila tofauti. Sasa binti alisema polisi ilikuwa jioni, jukwaani kwa kuchanganyikiwa akasema usiku, klipu ipo YouTube. Ubongo wa mtu aliyepata mshtuko unakumbuka vipandevipande, kuchanganya saa ni jambo la kawaida na halimaanishi anadanganya, ila kwa nini umpe wakili zawadi hiyo kwa ajili ya shughuli ya saa mbili uwanjani?

Wapo watakaosema "mwache aongee, kuongea kunaponya." Kuongea kunasaidia pale anapochagua mwenyewe, na mtu anayemwamini, kwa muda wake. Shirika la Afya Duniani kwenye mwongozo wake wa huduma ya kwanza ya kisaikolojia wa mwaka 2011 linasema tazama, sikiliza, unganisha na huduma, na limekataza kumbana mtu asimulie yaliyompata. Jukwaa halimsikilizi mtu. Linamtazama. Nadia Murad, manusura wa ukatili wa kingono wa vitani kule Iraq, aliyepata Nobel ya Amani mwaka 2018 pamoja na Dokta Mukwege wa Bukavu, Kongo, alichagua mwenyewe kusema dunia nzima ikamsikia, na bado jina lake ndo lipo kwenye kanuni zilizotolewa mwaka 2022 za kuwaelekeza wanaokusanya simulizi za manusura wa vitani wafanyeje ili wasiwaumize. Kama aliyesema kwa hiari mbele ya dunia anaona kanuni zinahitajika, sisi wa uwanja wa shule ya msingi hatuwezi kusema hazituhusu.

Basi tuseme stori gani

Hapa nina msimamo wangu. Kampeni haihitaji kujua alifanyiwa nini. Inahitaji kujua alisaidikaje na alikwama wapi. Kwa sababu aliyekaa pale chini ambaye yamemkuta jana hana haja ya kufundishwa kubakwa kukoje, anataka kujua saa hii aende wapi. Je, unajua ni wangapi hawafahamu kwamba dawa za kuzuia maambukizi ya VVU zinatakiwa zianzwe ndani ya saa 72, na mapema zaidi ndo vizuri? Wangapi wanaoga na kufua nguo kwanza kwa sababu hakuna aliyewaambia wasifanye hivyo? Wangapi wanasikia PF3, ile fomu ya polisi ya kwenda nayo kutibiwa, wakadhani ni fomu ya kumshtaki mtu kwa hiyo wanaogopa hata kwenda hospitali? Manusura akisimama akasema "mimi niliambiwa rudi kesho nikarudi nyumbani, usirudi nyumbani, uliza kama hospitali ya karibu ina kituo cha mkono kwa mkono, pale daktari, polisi na ustawi wa jamii wanakaa sehemu moja", hiyo stori haina tone la damu na imeshaokoa mtu.

Tena si lazima asimame yeye. Barua yake inaweza kusomwa na mtu mwingine, maigizo yanaweza kuchezwa, nesi anaweza kueleza upande wake, mama aliyemwamini binti yake anaweza kueleza alimjibu nini usiku ule, na mimi huyu mama ndo ninayempenda kuliko wote, kwa sababu uwanja mzima umejaa watu watakaoambiwa siku moja na hawajui cha kujibu. Unaweza pia kuunganisha stori za watu kadhaa ukatunga mtu mmoja, ni halali kabisa, mradi uwaambie wasikilizaji kwamba mhusika ametungwa. Usipowaambia wakaja kugundua, watasema na nyingine zote ni za kutunga.

Angalia pia unachagua nani. Kila mwaka tukileta mwanafunzi aliyekamatwa na mtu asiyemjua kwenye shamba la mahindi, tunawafundisha watu kwamba ukatili unafanana hivyo. Aliyefanyiwa na mjomba, na mwalimu wa kwaya, na bosi, aliyekuwa amekunywa, anayefanya kazi baa pale Mafinga, hajioni. Mvulana aliyelawitiwa ndo kabisa, Kihesa mpaka Tunduma sijawahi kusikia akitajwa jukwaani hata kwa sentensi moja, na wao wapo kwenye ile moja kati ya saba.

Na mwisho wa shughuli upangwe kabla ya mwanzo wake. Nani anamsindikiza nyumbani, nani anampigia kesho na wiki ijayo, mshauri nasaha amekaa wapi siku hiyo kwa ajili yake na kwa wale watakaoguswa ukumbini, nani ana ufunguo wa yale mafaili, na bango linashushwa lini, maana nimeona mabango ya kampeni iliyokwisha zamani bado yananing'inia kwenye uzio, jua limefuta maandishi yote, uso umebaki. MC naye aambiwe mapema asimuulize maswali ya nyongeza na awaombe watu waweke simu chini, na kama kuna mtoto amewahi kukuambia kitu na hujui uanzie wapi, namba ya huduma kwa mtoto ni 116, haina malipo.